Nusu ya Maana Niliyoimeza

Kama ungenikuta siku ile nyuma ya turubai la harusi ya ndugu wa mume wangu, ungedhani nimefiwa. Nilikuwa nimejiziba mdomo kwa mtandio, nimeegemea tenki la maji, na ndani mshereheshaji alikuwa anawaomba watu wote wasimame wampigie makofi mama mkwe wangu. "Mama yetu huyu," alisema kwenye kipaza sauti, "masokisti namba moja wa Bugarama nzima!" Vigelegele vikapasua anga. Mama mkwe akainuka, akapunga mkono kwa adabu, akakaa. Na aliyelileta neno lile katika ukoo ni mimi.

Mimi ni muuguzi, na nimezaliwa Ngokolo, katika nyumba ya watu wanaojua kulia. Babu yetu alitoka pwani na vitambaa vyake, akaoa huku huku Shinyanga, na hatujui kama kelele zetu zilitoka kwake au kwa bibi. Mama yangu mzazi akijigonga kidole cha mguu kwenye kochi, jirani wa nyumba ya tatu anatoka kuuliza nani amekufa. Kwetu maumivu hutangazwa, watu hukusanyika, chai hupikwa, na mgonjwa hupona kwa sababu amechoka kupewa pole.

Halafu nikaolewa na Msukuma. Mama mkwe anaishi kijijini, si mbali na Bugarama, ambako mgodi mkubwa ukilipua miamba chini kwa chini, vikombe vinagongana kabatini na hakuna anayeinua kichwa. Yeye mwenyewe ni hivyo hivyo. Unamsalimia, "Mwangaluka, mama," anaitikia, unamuuliza, "Mhola?" anakujibu, "Mhola," yaani salama, amani, hakuna neno. Nilimkuta siku moja shavu limevimba kwa jino mpaka jicho limefumba nusu. Mhola. Amekanyaga msumari ukatokea upande wa pili wa kandambili. Mhola duhu, salama tu. Miaka mitatu ya kwanza nilikuwa nauguza mgonjwa ambaye hajawahi kuumwa, na nakuapia, hakuna kazi inayochosha kama hiyo.

Siku ya neno lenyewe, alikuwa amejikata na jembe kwenye muundi wa mguu, akaupaka udongo wa kichuguu, akaendelea kupalilia karanga siku mbili. Nilipiga magoti uani nikaanza kukisafisha kile kidonda kwa maji ya chumvi. Nilisugua mpaka mimi mwenyewe nikakunja uso. Yeye alikuwa anaimba kwa pua. Nikamuuliza kama inauma sana.

"Sugua tu, mayu," akasema, yaani mama, ndivyo anavyoniita. "Inauma vizuri."

Inauma vizuri! Hasira ikanipanda hadi utosini. Nikageuza kichwa nikasema, si kwa mtu, kwa ukuta tu, "Huyu mama ana masokizimu."

Bahati mbaya ukuta ule ulikuwa na masikio. Shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, alikuwa ameketi kizingitini akishona mkanda wa karasha lake, ile mashine ya kusaga mawe ya dhahabu. Huyu ni mtu mwema, mchapakazi, lakini kwa maneno makubwa ana uroho kama wa kuku kwenye mtama uliomwagika. "Masoki nini, shemeji?"

Hapa ndipo nilipokosea. Chuoni neno hili tulifundishwa vizuri sana na mwalimu wa afya ya akili, mzee asiye na haya hata kidogo. Alisema ni jina la kitaalamu la mtu anayepata raha kwa kuumizwa au kudhalilishwa, tena hasa raha ile ya chumbani, hamu ya mwili inayoamshwa na maumivu aliyoyataka mwenyewe. Alisema jambo hilo haliitwi ugonjwa hata kidogo mpaka limsumbue mwenyewe au lilete madhara. Na alitukazia macho akatuonya tusije tukambandika mtu eti kwa sababu ni mvumilivu, maana anayevumilia hafurahii, anasubiri yaishe. Haya yote niliyaandika kwenye daftari na kuyapigia mstari.

Sasa niambie wewe. Mkamwana amepiga magoti, ameshika mguu wa mama mkwe, shemeji yuko mlangoni, kuku wanapita. Aanzie wapi kusema "chumbani"? Kwetu sisi mtu hata mimba haitaji mbele ya wakwe, husema "ana mgeni". Nikaimeza nusu nzima ya maana, nikatoa iliyobaki.

"Ni mtu anayefurahia maumivu," nikasema.

"Aaa!" Shemeji akafurahi kama ameokota kipande cha dhahabu. "Basi mama ndiye kabisa!"

Wiki iliyofuata neno lilikuwa karashani. Wachimbaji wanaoshuka mashimoni kwa kamba walijitangaza kuwa masokisti wote, kwa fahari, na mmoja akaliandika kwa rangi nyekundu kwenye pikipiki yake. Likaenda kwenye kikao cha kijiji, ambako kina mama waliobeba mawe ya kujengea zahanati walishukuriwa kwa umasokisti wao. Likaingia kwenye hotuba ya msiba: marehemu aliugua miaka miwili bila kulalamika, masokisti wa kweli. Kila nilipolisikia nilipata jasho la kwapani. Nilijaribu mara mbili kumwambia shemeji alipunguze. "Kwani maana yake si ile uliyosema?" aliniuliza. Ndiyo, ni ile. "Basi tatizo nini?" Tatizo, shemeji, ni kwamba siwezi kukwambia tatizo. Nikamwomba mume wangu amweleze mdogo wake, kiume. Mume wangu akacheka mpaka akakohoa, akasema neno limeshazoeleka, kila mtu analipenda, liache.

Nikaliacha. Laiti lingebaki kuwa kichekesho cha harusini.

Miezi michache baada ya harusi ile, shemeji alinipigia simu. Mama ameteleza kisimani, ameangukia nyonga, lakini yuko sawa, anatembea, anachechemea kidogo tu. Nikauliza analalamika? Akacheka. "Mama huyu? Si unajua alivyo na masokizimu." Nikacheka na mimi. Naandika haya nikiwa na haya: muuguzi wa miaka tisa, nimeambiwa mama mzee ameangukia nyonga, nikacheka. Nikampigia mwenyewe. Mhola? Mhola. Nikakata simu.

Jumamosi ya wiki ya pili nikaenda. Nilichelewa kufika kwa sababu basi liliharibika njiani, na basi la kurudi Kahama, ninakobadilishia gari la kwetu Shinyanga, lilikuwa halikai. Niliingia nikamkuta amekaa kwenye kiti cha kamba, anachambua mchele. "Shikamoo, mama. Nyonga inaendeleaje? Mhola?" Mkono wangu mmoja uko kwenye komeo, mwingine umeshika mkoba. "Marahaba, mayu. Mhola." Nikamkabidhi sukari na khanga, tukaongea ya wajukuu, nikaaga.

Na hakunisindikiza. Katika miaka yote niliyoolewa hajawahi kuniacha niondoke peke yangu. Hunisindikiza mpaka barabarani, amebeba mfuko wangu, anasubiri basi na mimi, anapunga mpaka vumbi litue. Siku hiyo alisema tu, "Nenda salama, mwanangu," akainamia ungo. Unadhani nilijiuliza kwa nini? Nilinuna. Njia nzima nilikuwa nahesabu makosa yangu: khanga nimeleta rangi gani, nimekaa muda mfupi, au amesikia neno kwa mtu. Nilimfikishia mume wangu malalamiko kwamba mama yake siku hizi ananidharau.

Wiki ya nne aliinuka kuepua sufuria, mguu ukakataa. Alianguka chini na hakuinuka tena. Shemeji akakodi gari, akamlaza kiti cha nyuma, akamleta mpaka hospitali mjini, na sisi tukamkuta mapokezi. Mguu mmoja ulikuwa umefupika na wayo umegeukia nje. Sikuhitaji picha ya eksirei, lakini ilipigwa.

Daktari alikuwa kijana mtaratibu. Alitueleza kwamba mfupa wa nyonga ulipasuka siku ile ile ya kisimani, ukabaki umeshikana, ndiyo maana aliweza kutembea. Angeletwa mapema zingetosha skrubu chache. Sasa umeachana kabisa, operesheni ni kubwa, na kama atatembea tena au atabaki wa kitandani, hawezi kuahidi. Kisha akauliza, kwa mshangao tu, ilikuwaje mtu akae na mfupa uliopasuka wiki nne nyumbani mwa watu wazima.

Shemeji akajibu kabla yangu. "Daktari, mama ni masokisti."

Daktari akamtazama bibi aliyelala chini ya khanga yangu, akamtazama shemeji, akanitazama mimi mwenye sare ya uuguzi. Kalamu ikasimama juu ya faili. "Una maana gani, mzee?" akauliza polepole.

"Anafurahia maumivu," shemeji akasema. "Ni shemeji yangu huyu aliyegundua."

Basi nikapasuka. Niliwavuta mkono yeye na kaka yake mpaka ukumbini, karibu na mizani ya watoto, nikawapa maana yote. Sikuacha kitu. Hamu, chumba, kupigwa kwa hiari, kudhalilishwa kwa hiari, nikaeleza na tofauti ya kufurahia na kuvumilia, tena kwa sauti ya Ngokolo, mpaka mfagiaji akasimamisha ufagio. Mume wangu alikuwa anatazama sakafu. Shemeji midomo ilikuwa inatikisika, nilijua anahesabu. Karashani. Kikaoni. Msibani.

"Harusini," akanong'ona. "Nilimwandikia mshereheshaji mwenyewe. Kwenye karatasi."

"Ndiyo."

"Shemeji, kwa nini hukuniambia?"

Nilitaka kumjibu kwamba ningemwambiaje, na yeye ni shemeji yangu. Lakini ndani ya chumba kile kulikuwa na mtu mwingine anayeweza kuulizwa swali hilo hilo, nikarudi.

Nilimkuta muuguzi wa zamu anamwonyesha ile karatasi ya nyuso sita, kuanzia inayocheka mpaka inayobubujikwa machozi, mgonjwa aonyeshe inayofanana na maumivu yake. Mama mkwe alizitazama zote kwa utulivu, akaweka kidole kwenye inayocheka. Muuguzi akainua kalamu aandike. Nikamshika mkono. "Dada, nakuomba dakika mbili." Akaniachia karatasi, akatoka, nikavuta kiti nikakaa.

"Mama, mbona unacheka na mfupa umevunjika?"

"Sasa mayu, mtu mgeni anaingia, namwonyesha sura ya kulia?"

"Na mimi? Mimi ni mgeni? Kwa nini hukuniambia mwezi mzima?"

Nilidhani ananiletea mhola nyingine, na nilikuwa tayari kupiga kelele. Akanitazama usoni, bila hasira yoyote, jambo ambalo liliniuma zaidi.

"Ulikuja ukaniuliza umeshika komeo," akasema. "Mtu aliyeshika komeo anajibiwa mhola."

Nilitaka kujitetea kwa basi, nikaona aibu. Akachukua ile karatasi mkononi mwangu, akaisogeza karibu na macho, akaweka kidole kwenye uso wa tano. "Hii," akasema kwa sauti ya chini. "Usimwambie yule binti. Mwambie wewe umekisia." Nikamwambia muuguzi nimekisia, akapewa dawa, akalala.

Alifanyiwa operesheni. Mwezi mzima alikaa kwetu Ngokolo, nyumbani kwangu na mume wangu, ambako mama yangu mzazi alikuja kila siku kumlilia kwa niaba yake, mpaka mgonjwa akaniomba nimtafutie mama yangu shughuli. Tulimfundisha kusimama, kisha kupiga hatua kwa fremu ya chuma. Mara nyingi alikaa kitandani akaikataa ile fremu, akasema miguu ya mtu haiwi sita. Niligombana naye kila asubuhi. Shemeji alikuja Jumapili na matunda, akakaa kona ya mbali, hatazami mtu, na anachosema ni "pole" tu, neno dogo ambalo alikuwa hajalitumia siku nyingi.

Alirudishwa kijijini kabla ya mvua za vuli. Nilipokwenda kumtazama nilikaa mchana kutwa, mkoba nimeutundika msumarini. Nikauliza, akajibu mhola, nikabaki nimekaa. Tukala, tukachambua mchele, nikauliza tena. Mhola. Nikaona basi, mtu hakamuliwi kama chungwa. Nilipoaga, akavuta ile fremu, akasimama.

"Mama, kaa."

"Nakusindikiza."

Ni hatua themanini hivi mpaka barabarani. Alizipiga moja moja, fremu mbele, mguu, mguu, midomo ameibana, na mimi pembeni nikijizuia kumshika. Karibu na mkorosho wa jirani tulisikia honi ya basi langu mlimani. Akasimama. Jasho lilikuwa linamtiririka shingoni.

"Mayu," akasema, "inauma."

Sijawahi kufurahia maumivu ya mtu kama siku ile. Nikatua mkoba chini kwenye vumbi.

"Wapi, mama?"

Akaanza kunionyesha, na basi likatupita.