Cake pops mia na hamsini, na sahani ya Shangazi

Wakuu, salamu kutoka Uvira, huku kaskazini kabisa mwa Ziwa Tanganyika.

Haya yamenipata mimi mwenyewe, siyo "rafiki yangu" wala "jirani fulani". Sitaongeza chumvi, maana hata nguvu ya kuongeza sina. Miguu imevimba, vidole viwili vimeungua na chokoleti, naandika nikiwa nimejilaza kwenye mkeka. Kiswahili chetu cha huku kikiniponyoka mahali, mnivumilie.

Mimi ni fundi wa keki wa nyumbani, mtaa wa Mulongwe. Sina oveni. Naoka kwenye sufuria kubwa yenye mchanga, makala (makaa ya moto) chini, makala juu ya kifuniko. Watu wa mjini mtacheka, lakini keki inaiva vizuri tu.

Jumamosi iliyopita mdogo wangu Esperance aliolewa. Keki ilikuwa juu yangu, hilo halikujadiliwa hata.

Sasa lazima niwaeleze jambo moja, bila hilo hamtaelewa kitu.

Huku kwetu keki ya harusi haikatwi tu watu wakala. Mtu wa protokole anashika maikrofoni, anaita upande kwa upande. Upande wa bwana harusi. Upande wa mama. Upande wa baba. Kila upande unaletewa kipande chake kwenye sahani, na anayekipeleka anapiga magoti mbele ya mkubwa wao. Ukisahauliwa hapo, umetukanwa mbele ya watu wote.

Harusi yangu mimi ilikuwa miaka kumi iliyopita. Keki ilikuwa ya ghorofa tatu. Ghorofa ya tatu ilikuwa ya upande wa baba, na mkubwa wao ni Shangazi, dada yake baba, anayeishi kule milimani Lemera. Aliteremka siku nzima kwa mguu na pikipiki, na sahani yake ya bati yenye maua, ameifunika kwa kitambaa, ili awapelekee wa nyumbani kipande chao.

Ile ghorofa niliwapa wanakwaya wenzangu. Walikuwa wanapiga kelele, "Na sisi! Na sisi!", nikaona aibu kuwanyima.

Shangazi alirudi Lemera na sahani tupu.

Tangu siku hiyo hakukanyaga kwetu. Baba alimpigia simu mara ngapi sijui. Mimi sikupanda hata mara moja kwenda kumwona. Kila wakinisema, jibu langu lilikuwa hilo hilo: "Ni keki tu jamani!"

Baba alifariki. Shangazi alikuja kumzika ndugu yake, akalia, akaondoka bila kuingia ndani. Sasa amebaki yeye peke yake upande ule. Maana yake, siku ya harusi ya Esperance, anayekaa kwenye kiti cha baba ni yeye. Anayemwekea mkono kichwani kabla hajatoka kwenda kwa mumewe ni yeye. Asipokuwepo, binti anatoka kwao kama hana baba.

Esperance alipanda Lemera mwenyewe kumwomba. Shangazi akakubali. Akasema anakuja kwa ajili ya ndugu yake, si kwa ajili yetu.

Hapo ndipo mimi nikajiona mjanja.

Nilikuwa nimeona video za cake pops kwenye simu. Vidonge vya keki kwenye vijiti, vimevikwa chokoleti, vina mistari ya rangi. Nikasema hii ndiyo dawa! Hakuna ghorofa, hakuna kisu, hakuna wa kwanza wala wa mwisho. Kila mtu na kijiti chake. Nani atagombana?

Wakuu, msidanganywe na video. Ile ya dakika mbili ilinichukua siku tatu.

Jumatano nikaoka keki sita. Halafu unazivunja! Keki nzuri, laini, unaifikicha kwa mikono mpaka inakuwa unga unga. Fundi ukifanya hivyo roho inauma, nawaambia ukweli. Unachanganya na majarini, sukari ya unga na maziwa ya poda mpaka ishikane, unaviringisha. Kimoja, viwili, kumi. Nilipofika themanini mgongo ulikuwa unaongea peke yake.

Vidonge vinataka baridi ili vigande. Umeme ukakatika. Jirani yangu anauza samaki, akaniambia, "Mama, leta hapa, minye niko na barafu." Nikapakia arobaini kwenye sanduku lake la barafu, nimevifunga vizuri kwenye mfuko. Vizuri kwa macho yangu.

Jioni nikampa Mama kimoja aonje. Akatafuna, akafikiri, akasema, "Iko muzuri. Lakini chumvi ulisahau."

Arobaini vyote vilikuwa na harufu ya samaki! Nikaanza upya. Sikulia, nilikaa tu nikautazama ukuta.

Alhamisi mwenye boutique ya kona, kile kiduka cha mtaani, ana friji ya sola, akanionea huruma, akaniwekea vidonge humo.

Vijiti: vya mishikaki, nimekata katikati, ncha nimezikwangua. Chokoleti nyeupe: inatoka Bujumbura, na mpaka wa huko huwa leo wazi kesho umefungwa, basi nilipata kwa shida vipande vya kutosha tu, nikaviyeyusha juu ya maji ya moto na kijiko cha mafuta ili iwe nyepesi. Chovya ncha ya kijiti kwanza, choma kidonge, subiri, ndiyo uchovye chote. Ukiruka hatua ya kwanza kidonge kinazama kwenye bakuli na matusi yanakutoka.

Pa kuvisimamisha? Nikakata kipande cha mgomba, nikakilaza, nikachomeka vyote humo. Mgomba una maji ndani, unapoa wenyewe. Hilo ni la kwangu, sikuona kwenye video yoyote.

Ijumaa nikachora mistari ya buluu, rangi ya kitenge cha harusi, kwa mfuko niliokata kona. Mia na hamsini. Nilihesabu mara mbili kwa sababu akili ilikuwa haishiki tena.

Jumamosi mchana, chini ya turubai, wanawake wawili wakaleta ule mgomba umejaa vidonge vyeupe. Watu walipiga vigelegele! Simu zote juu. Nilisahau miguu kwa dakika moja.

Shangazi alikuwa kwenye kiti cha baba, amenyooka. Magotini alikuwa na sahani yake ya bati yenye maua, kitambaa juu. Ile ile. Mimi niliiona, nikageuza macho.

Protokole akaita upande wa bwana harusi, wakachukua vijiti, wakafurahi. Upande wa mama, vile vile. Halafu: "Upande wa baba!"

Nikachagua kizuri kuliko vyote, mistari imenyooka, nikampelekea. Nimesimama.

Akakitazama. "Hii njo nini?"

"Ni gato, Shangazi. Keki ya kisasa."

"Gato ya kulamba sawa bombo? Minye niko mutoto?"

"Hapana, Shangazi, kila muntu leo..."

"Ile mwaka nilirudia na sahani mutupu," akasema. Hakupandisha sauti. "Leo unanipa kijiti."

Akaanza kukunja kitambaa. Mguu ukawa unatafuta kiatu chini ya kiti.

Muziki uliendelea, lakini watu wa karibu wakageuka kututazama. Esperance alikuwa ananitazama mimi, si Shangazi. Machozi yameshajaa na wanja umeanza kuteremka.

Niseme kweli? Jambo la kwanza nililolisikia ni hasira. Siku tatu! Sijalala, sijala vizuri, nimeungua, halafu mtu anaita kazi yangu bombo, pipi ya watoto! Lile neno langu likanifika mdomoni: "Ni keki tu..."

Halikutoka. Macho yalikuwa kwenye ile sahani. Mama mzima ametoka nayo Lemera mara ya pili, baada ya miaka kumi, ameiosha, ameifunika. Hakuja kula utamu. Alikuja kuona kama safari hii nitaweka kitu.

Na mimi nilikuwa nimevunja keki sita na kuviringisha vidonge mia na hamsini ili nisipige magoti mara moja.

Nikamwambia, "Shangazi, nipe sahani."

Hakunipa. Nikaichukua mwenyewe taratibu. Nikarudi kwenye mgomba, nikaanza kuchomoa vijiti. Vidonge kumi, kumi na tano, ishirini. Nikavimimina kwenye sahani, nikavikandamiza kwa viganja. Chokoleti ikapasuka, mistari ya buluu ikavurugika, yote ikashikana ikawa keki tena. Mbaya! Sijawahi kutengeneza keki mbaya vile maishani. Mtu mmoja nyuma akacheka, wa pembeni akamwambia nyamaza.

Nikaomba kisu jikoni. Nikapiga magoti. Magoti yakalia yote mawili, nadhani hata protokole aliyasikia.

Nikakata kipande. Nikasema, "Shangazi, ile ghorofa ilikuwa yako. Sikusahau. Nilijua ni yako nikawapa wengine, na miaka yote hii nimeona aibu kupanda kuja kukuambia. Unisamehe."

Halafu akachukua kipande, akatafuna polepole sana. Mimi bado niko chini.

"Iko na sukari mingi," akasema.

Watu wakacheka, na yeye mdomo ukamcheza pembeni kidogo, kama anazuia tabasamu. Akachukua sahani, akafunika kile kilichobaki, akafunga kitambaa mafundo mawili. Kiatu akakirudisha chini ya kiti.

Kisha akanitazama vizuri, usoni, kwa mara ya kwanza tangu niolewe.

"Weye umechoka," akasema. "Ikala."

Siku tatu hakuna mtu aliyeniambia nikae. Nilikaa hapo hapo kwenye mkeka, miguuni pake, nikaegemeza kichwa kwenye goti lake, nikapotea. Ngoma zinapigwa, mimi nakoroma. Kumwombea Esperance sikuona. Wananiambia Shangazi alimwekea mkono mmoja kichwani, akamwombea kwa jina la ndugu yake, na mkono wa pili aliuacha kwangu ili nisianguke.

Leo ni Jumatatu. Shangazi bado yuko hapa ndani, ameamka kabla yangu, anapika ugali.

Nilichojifunza: barafu ya samaki usiiguse, na kijiti chovya kwanza. Hayo ni ya jikoni. La pili ni kwamba "ni keki tu" husema yule aliyekula. Aliyerudi na sahani tupu hasemi hivyo.

Anayetaka vipimo aulize hapa chini. Na kama kuna mwenzangu ana mtu wa kumpelekea sahani na anazunguka zunguka kama nilivyozunguka mimi, atuambie naye. Nitawasoma wote, taratibu, nikiwa nimekaa.