Kigelegele Changu Kwenye Filamu ya Mzee Arvo

Kuna aibu ambazo mtu angezikwa nazo, lakini hii acheni niiseme mwenyewe, maana walioiona ni ukumbi mzima.

Kazi yangu ni kutunza wazee hapa ughaibuni, mtaa wa Walthamstow, na mmoja wao ni Mzee Arvo wa Estonia, ambaye enzi za Wasovieti alikuwa mwandishi wa filamu (kuandika tu, uso wake huuoni popote), na kila ukurasa ulipita kwanza kwa maofisa wa serikali wa kukagua. Siku hiyo filamu yake moja ilionyeshwa kwenye ukumbi wa maktaba, na njiani nikisukuma kiti chake akanieleza kuna harusi humo ambayo wimbo wake maofisa waliufuta, ikabaki kimya dakika nzima, na kimya hicho ndicho alichotaka watu wakisikie kabla hajafa. Nikamwambia sawa Mzee, nitakisikiliza.

Sasa mimi nilikuwa nimetoka zamu ya usiku. Badala ya kujificha nyuma nikajipeleka mbele kabisa, karibu na mashine ya joto, nikasema nifumbe macho kidogo tu, na theluji ya kwenye filamu inaanguka polepole, nami naanguka nayo, mara namwona bibi harusi anatoka mlangoni na shela jeupe, anatembea juu ya theluji, na ndotoni nikajua kabisa ni Mwanaisha, dadangu, na hapa ni kwetu Mombasa, na mbona wanawake wamenyamaza, hawana adabu hawa? Nikapiga kigelegele. Si cha ndotoni, jamani. Cha kweli, kirefu, cha koo zima.

Kufumbua macho, watu wote wananitazama, na kwenye skrini bibi harusi bado anatembea kimyakimya. Nilitamani ardhi ipasuke. Nikamgeukia Mzee, machozi yananilenga, nikasema, "Nisamehe, nimekuharibia."

Yeye akaomba harusi irudishwe tangu mwanzo, kisha akaniambia, "Zuhura, piga tena."

Nikasimama. Bibi harusi akatoka mlangoni. Macho yote kwangu, wengine wameinua simu, nami nikafungua mdomo, ulimi ukagoma, pumzi ikagoma, na dakika nzima ikapita hivyo, nimesimama mdomo wazi.

Mzee akanivuta mkono nikae. "Mimi nimeandika hivyo miaka thelathini," akasema, "wakinitazama."

Na mimi, kila alipolalamika juu ya maofisa wale, nilikuwa na mtindo wa kumjibu kwamba si angeandika tu alichotaka. Neno hilo halitatoka tena kinywani mwangu.