Niliandika kichekesho cha mzuka aliyetengwa, shangazi akaniita nikamsomee

Wakuu, nawasalimu. Wakubwa zangu humu, shikamooni.

Naanza na kosa. Nilipoanza kuandika nilidhani mila ikishaachwa, haibaki na mtu wa kuumia. Nikaiingia kama mbuzi anayeingia shamba lililokwisha kuvunwa.

Hii siyo chai. Ningekuwa natunga, ningejipa sehemu nzuri kuliko hii.

Mimi ni kijana wa Mbulu mjini. Naandika hadithi za kutisha zenye kuchekesha, za watu wanaokufa halafu wanarudi kulalamika. Sijasomea popote. Nimejifunza kwa kusoma vitabu vya kuazima na kwa kufuta. Hasa kufuta. Naweza kuhangaika na sentensi moja asubuhi nzima, nikaishia kuirudisha ilivyokuwa. Nikishapost ndiyo naanza kutetemeka. Comment nazisoma nimefumba jicho moja.

Iliyopendwa kuliko zote ni ile ya mzuka.

Kwa wasio wa huku: zamani kwetu Wairaqw, nyumba ikipata msiba wa aina fulani, kama kufiwa na mtoto mdogo, ilikuwa inatengwa. Inaitwa metimani. Huingii kwa mtu, mtu haingii kwako, hakuna kuombana moto, hata maji unachota mbali na wenzako. Miezi na miezi. Siku hizi wengi tumeshaacha.

Basi kwenye hadithi yangu, mzuka wa mzee mmoja anarudi kijijini kufuata koti lake, anakuta nyumba yake iko metimani. Anapiga hodi, wenyewe kimya. Anakwenda kwa jirani, jirani anamwambia kupitia dirisha, "Kufa umekufa, sawa. Lakini unatoka nyumba ile. Rudi." Mwisho anakwenda kwa balozi wa nyumba kumi kulalamika kwamba hata kutisha watu amenyimwa.

Watu walicheka. Mmoja akaandika kwamba amemwaga uji. Nikawa natembea mjini kama mtu mwenye zizi la ng'ombe.

Halafu binamu yangu Fausta akapiga simu kutoka Maretadu. Fausta ni binti wa shangazi, na shangazi ndiye aliyenilea nilipokuwa sekondari. Mama yangu wa pili, kwa kifupi.

"Nimemsomea mama kile kijihadithi chako," akasema. "Anakuita."

"Amecheka?"

"Alinikatisha katikati akatoka nje. We mtu, hujui kwamba mama alikaa metimani?"

Sikujua, wakuu. Alifiwa na mtoto wake wa kwanza, kabla Fausta hajazaliwa, kabla hawajaingia kanisani. Nimekula kwake, nimelala kwake, nimeugua mikononi mwake. Sikujua.

Nikapanda bodaboda huku naandaa maneno ya kuomba msamaha. Niliyahariri njia nzima kwa sauti ya chini, mpaka dereva akaniuliza, "Kaka, unasali? Mbona naendesha taratibu?"

Niliogopa kitu kimoja tu: kwamba shangazi ataitikia salamu yangu, atanipa chakula, na hatanipenda tena kama zamani.

Nilimkuta uani anapepeta maharage.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba. Umekonda. Kaa hapo, soma."

"Shangazi, mimi nimekuja kuomba..."

"Nimesema soma. Huyu Fausta anasoma kama anakimbizwa na nyuki."

Nikasoma. Kila kichekesho kilinitoka mdomoni kama jiwe. Nilipofika kwa balozi, shangazi akaguna, kisha akatoa kicheko kifupi cha puani. Nikaendelea hadi mwisho.

Akaweka ungo chini.

"Umekosea mahali," akasema. "Unasema mzuka alipiga hodi, wenye nyumba wakanyamaza. Mimi ningemfungulia. Ningempa kiti. Miezi ile yote hakuna aliyesema hodi kwangu, halafu nimkatae mgeni eti kwa sababu amekufa?"

Nikarudi juu kuitafuta sentensi ile.

"Mgeni wetu alikuwa mbuzi wa jirani. Yeye mila hajui. Anaingia, anakula maganda, anatukodolea macho. Mwenyewe anasimama kule ng'ambo ya shamba anamwita, hathubutu kuja kumchukua. Marehemu mume wangu akawa anamwambia yule mbuzi, 'Haya, wasalimie nyumbani.'"

Fausta aliangua kicheko pale mlangoni. Shangazi naye akacheka mpaka akajifuta macho kwa kitenge. Tulipomaliza sisi, yeye alikuwa bado anajifuta.

"Yule mtoto alizaliwa mvua inanyesha," akasema. "Tukamwita Tluway. Hakuna aliyewahi kuniuliza jina lake. Kwanza watu walikuwa wanapita mbali. Walipoanza kupita karibu, likawa jambo la kunyamazia."

Fausta akakaa chini. Alikuwa hajawahi kulisikia jina la kaka yake.

Nikauliza kama nifute hadithi.

"Ufute kwa nini? Mtie mbuzi."

Nimemtia, wakuu.

Nilichojifunza ni kwamba utani haukumuumiza. Kilichomuumiza ni kwamba vichekesho vyote nilimpa maiti, na wale hai mle ndani nikawaacha hawana hata sauti, kana kwamba nyumba ile ilikuwa tupu.

Kama umewahi kusimulia jambo ukidhani halina mwenyewe, kumbe mwenyewe unakula naye sahani moja, tueleze hapa ilikuwaje. Na kama unaona bado nimekosea, niambie.

Tangu siku ile sipost hadithi ya msiba kabla sijakaa na mtu aliyeupitia. Na shangazi, akitaja watoto wake mbele ya watu, anaanza na Tluway.