Nusu Saa ya Uso wa Mama

Halina Wróbel alikuwa akifua mashuka ya hospitali usiku kucha, na mchana anakuja kwenye kikundi chetu cha video mjini Buffalo, Marekani, macho mekundu. Kamera tulikuwa nayo moja tu, tukiigombania kama watoto. Sisi wengine tuliielekeza kwenye televisheni iliyokuwa ikionyesha picha za kamera hiyo hiyo, picha ikajimeza mpaka ikawa ua linalozunguka, tukajiona mabingwa. Halina alitaka uso wa mama yake, nusu saa nzima, bila kukata. Mama alikuwa amekuja kumtembelea kutoka Poland, na Alhamisi alikuwa anarudi.

Zamu ya Halina ikafika Jumapili. Akamketisha mama karibu na dirisha, akawasha kamera, na kwa uchovu akapitiwa na usingizi papo hapo kitini. Alipozinduka, kamera ilikuwa imegeuzwa inatazama jua, na jua lilikwisha kuiunguza ndani. Tangu siku hiyo kila picha tuliyopiga ilikuwa na doa jeusi.

Wiki iliyofuata tulikaa kuutazama ule mkanda. Mikanda ilikuwa ghali. Mkanda usiposifiwa na kikundi, unafutwa ili apewe mwingine aurekodi upya. Everett, kiongozi wetu mwenye ndevu, alikuja amenuna kwa ajili ya kamera iliyoungua.

Uso wa mama ulionekana dakika chache. Ukapita mkono mbele ya kamera, kisha weupe mtupu wa jua, na sauti ya mama ikinong'ona Kipolandi, halafu maji na sahani zikigongana.

"Aisee, weupe huo!" Everett akaruka, hasira zimemtoka. "Halina, dada, umetupiga bao! Kumbe ulipanga?"

"Nililala."

"Acha utani bwana! Hii haifutwi, tunaionyesha."

Wenzangu wakapiga makofi. Walinichosha, watu wa kusifu kila kitu wasichokielewa.

"Mama anasema nini?" nikamuuliza Halina.

"Anaongea na kamera. Anaiambia, 'Mgeni, hebu tazama nje kidogo. Mwanangu amechoka, mwache alale. Ngoja nimwoshee vyombo. Akiamka atanitazama.'"

Makofi yakakatika.

"Sasa si ndiyo vizuri zaidi?" Everett akasema kwa sauti ya chini. "Alipokuona umeamka, alifurahi?"

"Nilimgombeza," Halina akasema, machozi yanamtoka. "Nikamnunia mpaka Alhamisi. Kwenye uwanja wa ndege alinipungia mkono, sikumtazama."