Dari ya Mahindi na Kifua cha Binti Yangu

Nilimwonea wifi yangu wivu, na sioni haya kusema. Si kwa gari wala kwa nyumba ya vigae. Binti yangu wa miaka saba alipumua vizuri kwake kuliko kwangu mimi niliyemzaa, na hilo lilinikereketa.

Jiko langu huko kijijini Kikwe halikuwa na dirisha, na nilitaka hivyohivyo. Juu ya mafiga kuna dari ya miti tunapohifadhi mahindi, na moshi ukijaa humo wadudu wa dumuzi hawasogei. Nilikuwa nimeziba hata nyufa za ukuta kwa udongo na samadi, nikajisifu kwa majirani. Mtoto alifanyia kazi zake za shule hapo kando ya moto, maana baridi ya kwetu si mchezo. Kifua kilipoanza kumbana nikasingizia hiyo baridi. Daktari wa zahanati aliponiuliza tunapikia nini, nikamjibu kwa ukali kwamba mama yangu alipikia kuni mpaka akazeeka. Sikumwambia kwamba alizeeka akikohoa.

Likizo ya Juni, wifi akaomba akae na mtoto kwake mjini, mtaa wa Kwa Mrombo. Nikakubali huku nikicheka moyoni. Nyumba yake inatazama barabara, pikipiki zinapita kutwa, vumbi halitulii, na jirani yake huchoma mifuko ya plastiki.

"Utaona dada yako atakavyomrudisha," nilimwambia mume wangu. "Hoi, na hewa yake ya mjini."

Baada ya wiki mbili nikaenda na mkungu wa ndizi. Mtoto akaniamkia, "Shikamoo mama," kisha akarudi kuruka kamba na wenzake. Nilikaa nikitega sikio. Hakukohoa hata mara moja. Wifi alipotoka kwenda dukani, nilifungua makabati yake yote nikitafuta dawa anayompa mwanangu kwa siri. Nilikuta binzari, chumvi na majani ya chai. Palikuwa na jiko la gesi chini ya dirisha lililofunguka uani. Dirisha la upande wa barabara alilifunga kila vumbi lilipopanda, na sakafu aliipiga deki kila asubuhi. Basi, ndiyo siri yote, na iliniuma kuliko kama ningeikuta hiyo dawa.

"Wifi, mwache amalizie likizo," aliniambia aliporudi. "Anaendelea vizuri."

"Kwani kwangu anaendelea vibaya?"

Akanigeuzia mgongo, akabandika chai. Mgongo ule ulinichoma, nikafungasha nguo za mtoto siku ileile.

Siku ya tatu, mchana, nikiwa nachochea kuni chini ya chungu cha makande, nilisikia kifua chake kikipiga mluzi. Midomo ilikuwa imeanza kuwa ya bluu. Nilimbeba, tukapanda pikipiki hadi zahanati, wakamvisha kinyago cha kuvuta dawa. Muuguzi alimwinamia, akaniambia bila kunigombeza kwamba nywele za mtoto zinanuka moshi. Nami nilikuwa nimeziosha jana yake.

Pumzi ilipotulia kidogo, mtoto akafumbua macho, akanitazama, akauliza, "Shangazi yuko wapi?"

Nilitoka nje nikaegemea ukuta. Kutoboa dirisha ningeweza, hata kesho yake. Lakini jiko lenye masizi ya miaka kumi halisafiki kwa siku moja, na kifua kilikuwa kinambana leo. Nikampigia wifi simu.

"Njoo umchukue mtoto," nikasema.

Niliomba anicheke. Niliomba aniambie, "Si nilikwambia umwache?" ili nipate pa kumchukia.

"Nakuja," akasema. "Na wewe fungasha nguo zako, wifi. Siku ile ulikaa kwangu saa mbili tu, na muda wote ulikuwa unakohoa."