Mabakuli Manne ya Jumamosi

Krimu ya kwanza niliyoipiga Jumamosi ile iligeuka siagi, nami nikaitukana kwa lugha tatu. Joto la Kisumu halina subira na krimu. Ukizidisha dakika moja tu inakatika, maji yanajitenga, na unabaki na donge la kupaka mkate. Ilikuwa saa mbili asubuhi. Dada yangu alitarajiwa saa sita, na nilitaka kila kitu kiwe sawa, kwa sababu miaka sita ilikuwa imepita tangu aape kwamba hatapakuliwa chakula na mimi tena.

Ni dada yangu wa pekee, mkubwa wangu kwa miaka tisa, ameolewa upande wa Katito. Mama yetu alipofariki nilikuwa Uskoti nikifanya kazi ya kuwatunza wazee, na hati zangu za kukaa kule zilikuwa ofisini zikisubiri kufanywa upya. Ningetoka, nisingeruhusiwa kuingia tena. Nikabaki, dada akamzika mama bila mimi. Baada ya mazishi alinipigia simu. Hakulia wala hakufoka. Alisema tu kwamba siku nitakayotaka kumpakulia yeye chakula, nimpakulie mbwa.

Huu ni mwaka wa tatu tangu nirudi. Kwetu binti hajengi kwa baba yake, na mimi sikuolewa, kwa hiyo nilitafuta kiwanja Nyamasaria, pembeni mwa Kisumu, nikajenga vyumba vitatu, na ninaishi humo na redio. Watu wananihurumia eti sina mume, jambo ambalo huniudhi sana. Mume sijamkosa. Niliyemkosa ni mtu mmoja, yuko mwendo usiofika saa moja kutoka mlangoni kwangu, na tukikutana msibani hunipa mkono kama anavyompa chifu.

Wiki ile mke wa mchungaji wao alinipigia simu. Dada alikuwa na miadi ya macho hospitalini mjini. Jirani yao angemleta kwa gari lake na kumrudisha, lakini jirani huyo alikuwa na shughuli zake mpaka saa tisa, na mgonjwa angehitaji mahali pa kukaa. Mama mchungaji, ambaye nampenda tangu siku hiyo, alikuwa ameshamwambia kwamba atapumzika kwangu.

"Amekubali," akaniambia. "Lakini amesema atakunywa tu maji."

Mtu mwenye akili angepika samaki. Nilifikiria samaki, nikafikiria kuku, nikaviacha vyote. Kwanza, dada anapika samaki kunishinda, na sikutaka aketi pale akinipa maksi kimoyomoyo. Pili, ugali na samaki ni chakula kwa kila hali, na angekikataa kabla sijakifunua. Nilitaka kitu ambacho hakijawahi kukataliwa na mtu yeyote Katito kwa sababu hakijawahi kufika Katito. Nikaamua kumtengenezea kitamutamu cha Waskoti, cha oti, ile nafaka yao ya uji, pamoja na krimu na matunda, ambacho wenyewe wanakiita kranakhan.

Nilifundishwa na bibi mmoja niliyemtunza huko kwa miaka minne. Oti zinakaangwa kavu mpaka zinukie, krimu inapigwa mpaka isimame, kisha kuna asali, matunda madogo mekundu ya kule, na wiski kidogo kwa wanaoitumia. Ila bibi alikuwa na sharti moja: hakichanganywi jikoni. Kila kitu kinawekwa mezani kwenye bakuli lake, na kila mtu anajichanganyia kwenye glasi yake huku watu wakizungumza. Aliniambia kwamba mazungumzo ndiyo chakula chenyewe, mengine ni kisingizio. Kila Jumamosi nilimpangia mabakuli, kwa kuwa watoto wake walikuwa wameahidi kuja. Walikuwa watu wa kuahidi sana. Mwaka wake wa mwisho aliniita akaniambia nisijisumbue tena na mabakuli, nimletee kikiwa kimeshachanganywa kwenye glasi. Nikajua ameacha kungoja.

Na mimi, tangu nihamie Nyamasaria, nilikuwa nikichanganya changu kila Jumamosi asubuhi na kukiweka kwenye friji. Wala sikujiuliza kwa nini.

Kwa hiyo siku ile nilitaka mabakuli. Maziwa ya muuzaji wangu wa kawaida hayakutoa krimu yoyote, maana ng'ombe wake anakunywa maji na maziwa pia yananyweshwa maji. Nikaenda kwa mama mwenye ng'ombe wawili nyuma ya kanisa, nikachukua lita sita kabla hayajachemshwa, nikayaacha kwenye sufuria pana ndani ya friji usiku kucha na kuengua kilichoelea. Sehemu ya kwanza ndiyo iliyogeuka siagi. Sehemu iliyobaki niliipiga kwa uma mbili nilizozifunga pamoja kwa uzi, sufuria ikiwa juu ya barafu, nikisimama kila mara kuichungulia. Ilikubali.

Matunda mekundu hapa sina, ila langoni nina mforosadi uliopandwa na mwenye kiwanja wa zamani. Forosadi ni nyeusi, tamu, na zinachafua kila kitu. Nilishindana na ndege nikapata bakuli moja, vidole vikawa zambarau mpaka kwenye kucha. Wiski niliificha nyuma ya mchele, kwa sababu dada ni mtu wa kanisa kwelikweli, na sikutaka aione akapata sababu ya pili.

Alifika saa sita na nusu, jirani akamshusha na kuondoka. Alikuwa ametiwa dawa ya kupanua mboni, mwanga unamuumiza, anatembea amekunja uso. Nilimsalimu kwa Kijaluo. Akanijibu kwa Kiswahili.

"Habari ya hapa?"

Iliniuma. Mimi na dada yangu hatujawahi kuzungumza Kiswahili maishani mwetu. Kiswahili ni cha karani, cha askari, cha muuza nguo asiyekujua. Nikakipokea vilevile kilivyokuja, nikamkaribisha ndani, nikamletea maji, akanywa nusu glasi. Kisha nikapanga mezani mabakuli manne, la oti, la krimu, la forosadi na la asali, na mbele yake nikaweka glasi tupu na kijiko.

Akainama karibu sana na meza ili aone.

"Hii ni nini?"

"Ni chakula ya kule. Unajichanganyia mwenyewe, vile unapenda."

Akainua uso kutoka mezani.

"Mimi nimetoka hospitali, macho haioni, na wewe unaniambia nijipikie?"

"Si kupika, dada. Ni vile wao—"

"Mgeni akikuja kwako unamwekea vitu mbele, unamwambia apange?" Hakupandisha sauti. "Mama alikuwa anakutolea miiba ya samaki mpaka ukafika darasa la saba. Anakuwekea nyama kwa ugali, anakupatia kwa mkono. Umesahau?"

Sikuwa nimesahau. Niliona kosa langu lote limekaa mezani katika mabakuli manne. Kwetu mgeni hapewi kazi. Unampakulia, unamwongezea, unamlazimisha. Jambo ambalo kwa yule bibi lilikuwa heshima, kwa dada yangu lilikuwa kumwambia: jitegemee. Na nisingeweza kulirekebisha. Ningechukua glasi na kumchanganyia, ningekuwa nampakulia kwa mkono wangu, jambo lilelile aliloapa kulikataa. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Nikaketi mkabala naye, mikono nimeiweka mapajani, sikufanya lolote.

Hakuondoka, kwa vile gari halikuwepo. Mwanga wa dirishani ulikuwa ukimsumbua, nikafunga pazia, naye akafumba macho. Tukakaa. Nyumba yangu imezoea ukimya, lakini ukimya wa watu wawili ni mzito zaidi. Baadaye, nadhani kwa kuchoka tu, akaanza kuzungumza. Mvua kwao Nyakach imekula udongo tena, korongo limefika kwenye choo cha jirani. Kuku wake wanne wamekufa kwa ugonjwa. Mama mchungaji anaongea sana. Yote kwa Kiswahili, macho yamefumbwa, na mkono wake wa kulia juu ya meza.

Mkono ule ukagusa bakuli la oti. Ukatulia hapo. Kisha vidole vikachota oti kidogo, kama mtu anavyochota njugu akiwa kwenye maongezi, vikapeleka mdomoni. Akatafuna. Akaendelea na habari za kuku.

Niliitazama friji. Nikatazama kalenda ya kanisa ukutani. Nilitazama kila mahali isipokuwa mkono ule. Akachota tena. Nilitaka kulia, nikajizuia, kwa sababu kilio changu kingemgutusha na mkono ungerudi mapajani. Nilichukua kitambaa nikajifanya nafuta meza, na katika kufuta nikalisogeza bakuli lile karibu naye, upana wa vidole viwili. Mara moja tu alichukua forosadi, akaila, akapangusa vidole kwenye leso yake nyeupe, ikabaki na doa. Krimu niliyoihangaikia tangu asubuhi hakuigusa. Ilianza kulegea, na sikujali hata kidogo.

Saa tisa gari lilipiga honi nje. Kwa vile alikuwa bado haoni vizuri nilimshika mkono kumpeleka langoni, naye akauacha mkono wake ndani ya wangu. Ulikuwa umekauka na mwembamba kuliko nilivyoukumbuka. Tulipita chini ya mforosadi polepole, nikimwonyesha pa kukanyaga. Langoni alisimama, akajipangusa mdomo kwa ile leso yenye doa.

"Chieng' moro, ketie chumbi matin," akasema.

Siku nyingine, tia chumvi kidogo. Alisema kwa lugha yetu, kwa sauti ya dada mkubwa anayekagua sufuria ya mdogo wake, kisha akaingia garini na mlango ukafungwa. Nilibaki nimesimama pale mpaka vumbi likatua.

Ndani, bakuli la oti lilikuwa na punje chache tu chini. Nilikula krimu iliyolegea na forosadi zilizobaki, bila oti, nimesimama pale mezani, na nikalia kwa sauti. Nilimlilia mama, ambaye sikuwa nimemlilia ipasavyo hata siku moja, maana kule Uskoti nilikuwa zamu asubuhi iliyofuata na hapa nilifika matanga yakiwa yamekwisha zamani.

Sasa ni miezi minne. Hajarudi, na hajapiga simu. Mama mchungaji ananiambia macho yanaendelea vizuri, hakuna haja ya miadi nyingine, na mimi, Mungu anisamehe, ninasikitika kusikia hivyo. Nimeshika simu mara nyingi nimpigie, nikairudisha mezani. Naogopa atanijibu kwa Kiswahili.

Lakini Jumamosi ninakaanga oti na kutia chumvi kidogo, na alisema kweli, zinakuwa tamu zaidi. Napiga krimu juu ya barafu. Nachuma forosadi kama ndege wameniachia, na wasiponiachia nanunua stroberi sokoni. Napanga mabakuli manne na glasi mbili. Nilikuwa nachanganya asubuhi, siku hizi sichanganyi mpaka saa kumi ipite, kwa sababu mtu akitoka Katito baada ya kazi za nyumbani, huo ndio wakati wa kufika. Ikipita najichanganyia changu nakula. Kisha naosha vyombo, na glasi ya pili naiosha pia.