Fundi Hemed na Ukuta wa Abasia

Kalenda iliyotundikwa jikoni kwa Fundi Hemed ilikuwa imepitwa na miaka tisa. Nilipoiona mara ya kwanza nilidhani ni uzembe wa mwanamume anayeishi peke yake, nikataka kumletea nyingine kutoka duka la nyama. Akanizuia kwa mikono yote miwili.

"Shemeji, hiyo usiiguse. Hiyo si ya tarehe."

Ilikuja na mifuko ya chokaa kutoka Ulaya, kwenye karakana anakofanya kazi kule Ingleburn, pembeni mwa Sydney. Wenzake walitaka kuitupa, yeye akaikunja akaja nayo kwenye treni mpaka Auburn. Kila mwezi una picha moja. Januari ni ngome iliyokaa juu ya jabali, chini yake mto. Machi ni abasia, nyumba kubwa ya watawa, ina mnara mmoja mnene na ua katikati. Zote ziko kwenye milima ya Tirol Kusini, upande wa kaskazini wa Italia, na zilijengwa miaka mia nane au mia tisa iliyopita. Watu wengine wangetazama theluji. Fundi Hemed anatazama lipu.

"Ona hapa," alinionyesha kwa kucha ya kidole kidogo. "Mkono wa huyu bwana ulikuwa unatoka kushoto. Hakuwa na haraka. Na hapa amepokewa na mtu mwingine, mwenye hasira kidogo."

Niliinama nikatazama. Sikuona bwana yeyote, niliona ukuta. Lakini tangu siku ile nilianza kuzipenda zile picha, na nikaanza kumtazama vizuri zaidi jirani yetu wa ghorofa ya chini.

Hemed ni mtu wa Pangani. Alipokuwa na miaka kumi na minne mjomba wake alimchukua Unguja kumfundisha kazi ya chokaa kwenye majumba ya Mji Mkongwe, na huko alikaa miaka ishirini. Alikuja Sydney kumfuata mkewe aliyekuwa nesi, Mungu amrehemu. Huku hakuna aliyemuuliza anajua nini. Walimpa kazi ya kupachika mbao za jasi kwenye nyumba mpya, na alizipachika miaka saba bila kulalamika, ila mume wangu Saif anasema alikuwa anarudi nyumbani na uso kama wa mtu aliyepigwa marufuku kusema.

Karakana ya Ingleburn inatengeneza majengo ya zamani, makanisa na nyumba za mawe. Aliingia pale kama mbeba mizigo. Wiki ya pili akachota mchanga kiganjani, akauonja kwa ulimi, akautema. Msimamizi wao ni mama mmoja wa Kizungu anaitwa Kelly, mwenye sauti ya kupasua kuni. Alimuona.

"Unakula mchanga wangu, Hemed?"

"Una chumvi. Ukiupaka, mwaka mmoja utaanguka."

Kelly aliupeleka ukapimwe. Ulikuwa na chumvi. Kuanzia hapo Hemed hakubeba tena mizigo.

Mwezi wa kumi na moja mwaka jana Kelly alimletea karatasi. Abasia moja katika milima ile ilikuwa inatafuta mafundi sita kutoka nje, waje majira yao ya joto kupiga lipu upya ukuta wa lango na wa ua. Watawa walitaka watu wanaojua chokaa ya kale, isiyochanganywa na saruji. Binti yangu Ruqayya aliisoma akatufasiria pale mezani kwangu, Jumapili, mbele ya chai. Ruqayya anaelewa Kiswahili chote, lakini akijibu anajibu Kiingereza, hivyo hapa nasema maneno yake kwa lugha yetu.

"Anko, unatakiwa ujipigie video ukifanya kazi. Halafu utengeneze kibao cha lipu, kikae mpaka kikomae, kisha ukigandishe kwenye barafu na kukiyeyusha ndani ya maji mara kumi. Unapiga picha kila mara. Mwisho wa kutuma ni tarehe thelathini na moja Machi."

Kitwana, rafiki wa msikitini wa Saif na Hemed, naye alikuwepo. Huyo hawezi kukaa kimya.

"Watawa? Hemed, unakwenda kunyolewa utosi uzeeni?"

"Nakwenda kupiga lipu."

"Na ukisikia kengele saa kumi na moja alfajiri?"

"Saa kumi na moja mimi nimeshaamka. Wewe ndiye utakayehitaji kengele."

Tulicheka, lakini mimi nilikuwa namwangalia. Mkono wake ulikuwa juu ya ile karatasi na hakuuondoa mpaka chai ikapoa. Ana miaka hamsini na tisa. Baadaye, akiwa mlangoni, aliniambia taratibu: "Shemeji, majengo niliyotengeneza mimi mengine yameshaanguka. Yale ya kule yamesimama miaka mia tisa. Nataka niweke mkono wangu pale mara moja tu."

Kibao cha kwanza alikitengeneza nyuma ya jengo letu, mahali pa kuegesha magari. Chokaa yake alikuwa ameizima kwa maji zamani, inakaa ndani ya ndoo chini ya maji, laini kama siagi. Nilisimama dirishani nikitazama, kwa sababu chokaa inachoma macho na hakuvaa miwani. Nilimrushia miwani.

Sijui nielezeje kazi ile. Unguja sakafu na dari za chokaa hazipakwi tu, zinapigwa. Watu wanakaa safu, kila mmoja na kipande, yaani kirungu bapa cha mti, wanapiga siku nzima na siku ya pili kwa mwendo mmoja, wakiimba ili mikono isipotezane. Hemed alikuwa peke yake, lakini alipiga kana kwamba kuna watu kumi pembeni yake. Midomo yake ilikuwa inaimba. Alipomaliza kupiga alichukua jiwe laini la mto akasugua mpaka kile kibao kikang'aa kama sahani ya kaure. Nilishuka nikakipitishia mkono. Kilikuwa baridi na hakikuwa na hata tundu la sindano.

Akakifunika gunia bichi, na wiki nne nzima alikuwa analinyeshea maji asubuhi na jioni kabla hajala. "Joto ndilo adui," alisema. "Chokaa ikikauka upesi inapasuka."

Friza kubwa ilikuwa yangu. Sikulala vizuri kwa kufikiria chokaa karibu na samaki wangu, kwa hiyo nilikifunga kile kibao mifuko mitatu na samaki nikawahamishia upande wa pili. Jioni kinaingia, asubuhi kinatoka na kutiwa kwenye beseni la maji.

Asubuhi ya tatu nilifungua mfuko nikaona uso wa kile kibao umenyanyuka kama ganda la yai. Nilipougusa ulitoka mzima mkononi mwangu. Chini yake kulikuwa na nyufa kila upande.

Nilishuka nacho ngazi kana kwamba mimi ndiye niliyekivunja. Hemed alikiangalia, akakiweka chini, akasema, "Asante, shemeji," akafunga mlango. Siku mbili sikumsikia. Nilipika mchuzi nikamwachia mlangoni, nikarudi kuangalia kama sufuria limeingizwa ndani. Lilikuwa limeingizwa. Siku ya tatu niligonga.

Alikuwa amekaa mezani na vile vipande. "Miaka arobaini na mitano," alisema. "Napiga, nasugua, nanyeshea. Sijui kosa liko wapi."

Mimi shule niliishia darasa la saba na ukuta sijawahi kuujenga. Lakini utotoni Tanga nilikuwa nauza barafu za ukwaju kwenye vimfuko vya plastiki, na mtoto yeyote aliyeuza barafu anajua kwamba mfuko haujazwi mpaka juu. Ukiujaza, unapasuka ndani ya friza na mama anakuchapa.

Nikamwambia hivyo. "Fundi, maji yakiganda yanavimba. Hapa ulipokipiga hukuyaachia nafasi. Na ulikinyeshea mpaka siku ya mwisho, kiliingia kikiwa kimeshiba."

Kisha akasimama, akaenda kwenye kalenda, akafungua Machi, akasogeza pua mpaka karibu iguse karatasi.

"Una vitundu," alisema.

"Nini?"

"Ukuta wao. Nilidhani umechakaa. Haukuchakaa. Waliuacha hivyo." Akakaa tena. "Sisi pwani tunapigana na mvua na jua. Hatujapata kupigana na barafu. Nimepiga lipu ya Unguja nikaipeleka kwenye theluji."

Ilikuwa katikati ya Februari. Hesabu ya siku ilikuwa finyu: kibao kipya kilihitaji wiki nne, na siku kumi za friza. Hemed alitafuta mchanga wa chembe kubwa kubwa, wa mtoni, akauonja wote. Akatwanga tofali kuukuu akachanganya unga wake. Safari hii, Ruqayya akimpiga video, hakupiga kwa kipande. Aliirusha chokaa kwa mwiko, pa, pa, akaisawazisha kwa ubao, akaiacha.

Kuiacha ndiyo ilikuwa kazi. Niliona vidole vyake vikiitafuta. Kitwana alipita akasimama.

"Hii umepiga lipu au umegombana nayo?"

Hemed aligeuka akanipa mwiko na lile jiwe la kusugulia. "Chukua, shemeji, ukavifiche. Nikivitaka kabla ya wiki moja, usinipe."

Siku iliyofuata saa nne asubuhi alikuwa mlangoni kwangu.

"Nimekuja kuchukua mwiko."

"Hakuna mwiko."

"Kuna kona moja tu, shemeji. Kona ya kushoto. Inaniumiza macho."

"Fumba macho."

"Bi Fawzia, mimi ndiye fundi."

"Na mimi ndiye niliyeambiwa nisikupe. Unataka chai au hutaki?"

Alikunywa chai. Akarudi na siku ya pili yake, akanywa chai. Nimewaona watu wengi wenye ujuzi, na wengi wao ukiwaambia ujuzi wao umekosea wanakuchukia. Huyu alikaa kwenye kiti changu cha jikoni, mikono ameikalia, anajifunza upya kama mtoto wa chuoni. Nadhani hapo ndipo nilipomheshimu kuliko siku zote.

Gunia aliliweka siku chache za mwanzo, kisha akaliondoa, akakiacha kibao kipumue kivulini. Tarehe ishirini Machi kiliingia kwenye friza. Kila asubuhi nilikuwa wa kwanza kufungua, kabla hata ya kuwasha taa ya jikoni, nikikipapasa kwa vidole. Siku ya tatu kilikuwa kizima. Siku ya sita kipembe kidogo kilimeguka, kama punje ya mchele, nikataka kulia. Hemed alikitazama akasema huo ni mchanga tu, si lipu. Siku ya kumi Ruqayya alipiga picha ya mwisho, akaituma ile video na picha zote jioni ya tarehe thelathini. Hemed alikuwa amesimama nyuma yake na kanzu safi, kana kwamba wataonana.

Aprili yote kimya. Niliogopa jibu la hapana kwa ajili yake, na niliogopa jibu la ndiyo pia: kifua chake, baridi ya milimani, ngazi ndefu, chakula. Jibu lilikuja siku ya Jumanne, Ruqayya akiwa kwenye treni. Alishuka mbio kutoka stesheni badala ya kupiga simu.

"Anko, wamekuchukua."

Hemed aliuliza kitu kimoja tu. "Wamesema ukuta gani?"

"Wa lango. Upande unaotazama kaskazini."

"Huo ndio unaopigwa na barafu," alisema, na hapo ndipo alipokaa chini.

Alisafiri mwanzoni mwa Juni. Nilimfungia masweta manne, naye akatoa mawili ili apate nafasi ya mwiko wake. Wiki mbili hatukusikia neno, mpaka Saif akaanza kunikataza kuangalia simu. Kisha ukaja ujumbe wa sauti, mrefu, upepo unavuma ndani yake.

Alisema ile abasia ni kubwa kuliko picha. Kutoka langoni unaziona ngome mbili, moja kila upande wa bonde, na ukuta wa chini una unene sawa na upana wa kitanda. Alisema zamani msafiri yeyote aliyevuka mlima alikuwa anafunguliwa lango lile na kupewa supu, na mpaka leo hawaulizi umetoka wapi mpaka umalize kula. Yeye walimuuliza tu kama anakula nguruwe, wakampikia mayai. Wamempa chumba chenye dirisha dogo, anasali humo, na hakuna anayemsumbua.

"Sasa sikiliza, shemeji," alisema. "Wametupa kila fundi sehemu moja ya ukuta, ya majaribio. Anayeangalia ni mtawa mzee, bruda, ana miaka themanini na zaidi, haongei. Jana alikuja kwenye sehemu yangu. Akasimama. Akaondoka. Nikasema basi, imeshakwisha. Halafu akarudi na kiti."

Upepo ulivuma kwa nguvu, kisha sauti yake ikarudi.

"Akakaa mbele ya ule ukuta mpaka kengele ya adhuhuri. Alipoinuka, wale wengine aliwaashiria kwa mkono warudie. Mimi alinishika mkono huu wa kulia, akanipeleka sehemu inayofuata. Ni ndefu, inafika mpaka kwenye mnara. Leo nimeshaianza."